Barua ya wazi kwa Waziri wa Sanaa: wale wazee wa sini mbili tatu

Mheshimiwa Waziri, shikamoo. Mimi sio msanii na sina cheo popote, nilikuwa nabeba rifrekta, lile bati la kuakisi mwanga, kwenye lokesheni za bongo muvi enzi zile sidii zinagombaniwa Kariakoo, kwa hiyo haya sijahadithiwa. Nakuandikia kuhusu waigizaji wasaidizi, wale wanaotokea sini mbili tatu tu na kuishia bila mkataba.

Nianze na Mzee Jengua. Jina lake halisi Mohamed Fungafunga, alitutoka Desemba 2020. Sisi tuliokua tunaliangalia kundi la maigizo la Kaole ITV kwa jirani mwenye tivii tunamjua vizuri, baba tajiri mkali, kanuna, hataki binti yake aolewe na kapuku. Kwenye kava la sidii wanakaa kijana na binti, ila yule mzee asipokaza pale sebuleni wale watoto wanaoana dakika ya tano, muvi imeisha, tukalale. Huyo ndo muigizaji msaidizi mheshimiwa, anabeba stori halafu jina lake linapita mwishoni huku watu washazima tivii. Na alikuwa anatisha kweli, mimi utotoni nilidhani ndo alivyo hata kwake!

Mwaka 2012 tulimpoteza Mzee Kipara, Januari, halafu Aprili akafuata staa mwenyewe, Steven Kanumba. Wote walipitia Kaole. Kanumba nchi ilisimama na alistahili kabisa. Kipara leo ukimtaja kwa vijana wanakuuliza ndo nani huyo.

Sasa nikupeleke lokesheni. Kuna mzee mmoja, jina namstiri, kila muvi yeye ni mlinzi au mjomba wa kijijini. Kaambiwa afike saa kumi na mbili asubuhi, kafika, kakaa chini ya mwembe na suti yake kwenye mfuko wa rambo maana muigizaji msaidizi anakuja na nguo zake mwenyewe, hakuna wa kumvalisha. Staa kaingia saa nane. Sini ya mzee ikapigwa saa kumi na moja jua linaelekea kuzama, kaimaliza kwa teki moja, watu wote tukacheka mpaka mshika maiki akatikisika. Jioni prodyuza akamkunjia noti mkononi, akasainishwa kikaratasi nusu ukurasa kwamba kapokea. Basi. Ile muvi ikauzwa, ikarushwa kwenye tivii, ikapandishwa Yutyubu, mpaka leo kipande chake cha mlinzi kinazunguka kwenye magrupu ya wasapu, na kila akikutana na watu kwenye daladala wanamwomba picha, yeye nauli anakopa. Kuhusu yule prodyuza nisiseme sana, naye alikuwa anabanwa na msambazaji.

Najua utasema serikali ilishachukua hatua. Kweli, 2018 mchekeshaji Mzee Majuto alipokuwa anaumwa, Waziri wa wakati ule, Mwakyembe, aliunda kamati ya kuipitia mikataba ya wasanii, tukashangilia. Majuto akafariki Agosti 8 mwaka uleule pale Muhimbili. Ila mheshimiwa, kamati inapitia mikataba, na hawa ninaowasema mimi mkataba wenyewe hawana! Utapitia nini, kile kikaratasi cha kupokea hela? Sheria ya hakimiliki ipo tangu 1999, COSOTA, ofisi ya serikali ya hakimiliki, ipo, lakini mzee ataenda kudai na ushahidi gani?

Ombi langu ni moja na halihitaji bajeti. Muvi haitengenezwi mpaka Bodi ya Filamu itoe kibali, si ndio? Basi kibali kisitoke mpaka prodyuza aambatanishe mkataba wa kila mtu mwenye mstari wa kuongea, hata kama mstari wenyewe ni "bosi hayupo". Ukurasa mmoja tu, kwa Kiswahili cha kawaida, uandike analipwa kiasi gani leo na ikirudiwa kurushwa au ikienda mtandaoni anapata nini. Na fomu iandaliwe na Bodi yenyewe, maana tukiwaachia maprodyuza tutaletewa tena kile cha nusu ukurasa. Watalalamika gharama, najua, ila hela ya kukodi gari la staa huwa inapatikana bhana.

Yule mzee wa mwembe yupo hai, Mbagala huku, goti linamsumbua na bado anaitwa kushuti. Wiki iliyopita nilimkuta anapiga pasi ileile suti.

Ni mimi,
mbeba rifrekta mstaafu