Kiduku chako na wale mapanki wa Aceh

Oya mwanangu, za huko? Nimesoma meseji yako eti baba mdogo kakukomalia ukiondoe hicho kiduku chako kabla ya Idi, nimecheka sana afu nikakumbuka wale mapanki (vijana wa muziki wa punk, sio wa samaki wa Mwanza lol) wa Banda Aceh kule Indonesia, sijui kama nilishakupa hii stori.

Aceh ni dini haswa, wenyewe wanaiita Baraza ya Makka, na ndo mkoa pekee Indonesia unaohukumu kwa sharia ya Kiislamu, viboko hadharani na nini. Sasa mji kama huo nao ukawa na madogo wa panki, magitaa ya makelele, viduku, pini, minyororo, mchana wanapiga ukulele kwenye mataa wapate ya kula. Baadhi yao mayatima wa ile tsunami ya Desemba 2004, ile ile iliyofika hadi kwetu Dar ikaua watu, ila kule ilikomba mitaa mizima. Mtu umepoteza nyumba na wazazi asubuhi moja, wana wa kijiweni si ndo ukoo wako sasa.

Desemba 2011 wakaandaa shoo, tena ya kuchangia mayatima, we angalia. Polisi wakavamia wakabeba zaidi ya 60, kesi hakuna, wakapelekwa chuo cha polisi Seulawah huko milimani siku 10. Wavulana upara, mabinti nywele zikakatwa fupi, wote wakaogeshwa ziwani, wakapigishwa kwata, wakasalishwa. Polisi wanasema sio adhabu, ni malezi. Malezi!! Naibu meya mwenyewe, Illiza Sa'aduddin Djamal, akaitetea hiyo operesheni.

Mi hapo pa ziwani ndo pananiuma, unamchovya mtoto wa watu kama ana janaba vile. Najua ipo ile hadithi ya Mtume ya kukataza kunyoa nusu kichwa na kuacha nusu, ustadhi alitusomea wote na wewe ulikuwa unasinzia, lakini mtu si anaambiwa kwa mdomo, anakamatwaje kwa hilo?

Mapanki wa London wakaenda kupiga kelele ubalozi wa Indonesia. Na wale madogo walipoachiwa kuna waliorudi mtaani na vipara vyao hivyo hivyo, wakangoja ziote.

Haya, ukiamua kunyoa ni wewe na baba mdogo, ila nirushie picha kwanza. Msalimie bi mkubwa.