Barua ya wazi kwa Msajili wa Mahakama ya Familia: hii amri ya muda, muda wake ni upi?

Mheshimiwa Msajili, salamu.

Sijaja kumlalamikia hakimu, maana hakimu mwenyewe kesi yetu bado hajaisikiliza. Nakuandikia wewe kwa sababu kalenda unaishika wewe.

Mwanangu alikuwa na miaka 4 ilipotoka amri ya upande mmoja akae na mama yake, nikaambiwa ni siku 14 tu mpaka na mimi nisikilizwe. Sahivi meno ya mbele yameshamtoka. Leo faili halionekani, kesho wakili wao yuko mahakama nyingine, mara ripoti ya ustawi wa jamii haijafika, siku ingine tunajaa wote mpaka na mashahidi halafu tunaambiwa leo ni kutajwa tu, yaani kesi inaitwa na kupangiwa tarehe nyingine bila kusikilizwa, dakika 2 tuko nje.

Sasa mi si mwanasheria ila hili nimeshalielewa. Siku ikifika hakimu atauliza mtoto kazoea wapi, kwa sababu mtoto aliyetulia hahamishwi ovyo, na kweli haifai. Atakuwa kazoea wapi basi kama sio palepale mlipomwacha? Yaani kule kuchelewa kwenyewe kumeshakuwa ushahidi, na aliyebaki na mtoto akishalijua hilo ana haraka gani? (Ningebaki naye mimi, sijui kama ningekuwa na haraka pia, niseme ukweli.)

Amri za dharura ziwepo, kuna nyumba mtoto anaumizwa na huko msimsubiri mtu. Ila Mkataba wa The Hague wa 1980, ule wa watoto wanaovushwa mipaka na mzazi mmoja, unasema wiki 6 zikipita bila uamuzi, mwombaji anaweza kudai aelezwe sababu ya kuchelewa. Wangu hajavuka mpaka wowote, ndo maana hakuna wa kumuuliza.

Ninachoomba ni amri ya muda iwe na tarehe ya kufa, na kila ikiahirishwa sababu iandikwe kwenye faili tuisome, na wakati tunasubiri mtoto aendelee kutuona wote wawili kwa ratiba inayoeleweka, maana ibara ya 9 ya Mkataba wa Haki za Mtoto wa 1989 inasema hiyo ni haki yake yeye, sio zawadi mnayonipa mimi, labda tu kama kuonana kwenyewe kunamdhuru.

Mara ya mwisho nilipewa saa 1 ofisini kwa afisa ustawi. Nilimbebea viatu, namba nilikisia, vikagota kisiginoni. Hakulia wala nini, akavirudisha kwenye boksi mwenyewe, akafunika, akasema asante kama mgeni.

Tarehe yetu ijayo imeandikwa kutajwa. Mheshimiwa, naomba iandikwe kusikilizwa.

Ni mimi, baba wa kwenye benchi la nje.