Majina Mawili, Mtu Mmoja

Tanga, Jumapili asubuhi

Kijiti, shoga yangu,

Hujambo? Watoto na baba yao hawajambo? Sisi huku wazima, ila joto linatutoa jasho mpaka kwenye nyusi.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Mara ya kwanza nilikuwa zamu ya usiku, nusu yake ikamezwa na kelele za wodini. Nilichoshika ni kwamba binti yako, tangu matokeo ya kidato cha sita yatoke, amejifungia chumbani anasema hajui yeye ni nani, nawe wataka nikutafutie "vitabu vya kujitambua". Nilicheka kidogo, unisamehe. Nimeona niandike kwenye karatasi maana jibu ni refu na kidole gumba kinaniuma kwa kuchapa simu. Karatasi yenyewe naitia humo humo ndani ya mzigo.

Vile vya stendi sikununua. Unavijua: kwenye jalada jua linachomoza, mwandishi kavaa suti, na ndani unaambiwa wewe halisi umejificha huko ndani, kazi yako ni kumtoa. Kana kwamba mtu ni muhogo, ukishamenya maganda utamkuta mweupe. Mimi nimekaa wodini miaka 22, na neno hilo kwangu lina maana nyingine. Ndugu wakiuliza pale mlangoni tunawaambia, "Mgonjwa hajitambui," yaani ukimwita haitiki. Toka nje ya geti hatua kumi, utamsikia mama akimfokea kijana wake, "Wewe hujitambui!" na kijana kakodoa macho, anasikia kila neno. Halafu tazama lugha yetu inavyoiogopa hiyo "ji": anajiona, anajisikia, anajidai, anajifanya, anajishaua, anajikweza. Mtu akijigeukia mwenyewe tu, Kiswahili kinamtilia shaka. Najua utanijibu kuna kujiheshimu na kujitolea, mwalimu wewe. Haya, hayo mawili nakuachia.

Nije kwenye vitabu. Nilianza kuvisoma kwa ajili ya mirathi, wala si kwa kupenda falsafa. Marehemu baba aliacha kaunta buku moja, ndani yake kaandika kwa mkono mali yake, madeni yake na watoto wake. Kwenye watoto, wa tatu ni Mwanaidi. Huyo ni mimi, nilizaliwa siku ya Idi, na cheti cha kuzaliwa kinasema hivyo hivyo. Lakini siku ya kuandikishwa darasa la kwanza baba alikuwa safarini, nikapelekwa na mjomba. Mjomba jina hilo hakulipenda, akamwambia mwalimu mkuu "Zubeda". Basi. Vyeti Zubeda, ajira Zubeda, kitambulisho Zubeda. Kaka yangu, ambaye ndiye msimamizi wa mirathi, alikuja jioni moja akakaa kwenye mkeka, akanywa chai mpaka ikaisha, ndipo akasema, "Dada, kwenye karatasi wewe humo."

Nikaenda kwa wakili. Ana chumba juu ya duka la vipuri, feni inalia kama inaomba msaada. Akachapa hati ya kiapo: mimi, Mwislamu, mtu mzima, mkazi wa Tanga, naapa kwamba majina haya mawili ni ya mtu mmoja na mtu huyo ni mimi. Akanigeuzia karatasi niweke saini. Kalamu ninayo mkononi, nikakwama. Saini yangu ni Z kubwa yenye mkia. Mwanaidi hajawahi kusaini kitu maishani mwake. Nikamwuliza, "Nisaini kama nani?" Akanitazama juu ya miwani. "Mama, wewe saini tu." Muhuri ukagongwa, nikalipa, nikashuka ngazi. Usiku ule sikulala.

Ndipo nikamtafuta John Lockeni, kama tulivyokuwa tukimwita shuleni kwa kumdhihaki yule mwalimu wa historia. Jina lake hasa ni John Locke, mwanafalsafa wa Kiingereza. Kitabu chake ni kizito kama tofali, lakini sura inayotuhusu ni moja, ya 27 katika sehemu ya pili, ambayo aliiongeza kwenye toleo la mwaka 1694. Nimekutolea kopi hiyo tu, mengine usijisumbue. Anasema hivi: chukulia nafsi ya mwana wa mfalme, pamoja na kumbukumbu zake zote, imeingia mwilini mwa fundi viatu. Majirani watamwona fundi wao yule yule, watamletea kandambili ashone. Lakini aliyemo ndani ni yule anayekumbuka jumba la kifalme, na makosa ya mwana wa mfalme ataulizwa yeye. Kwa Locke, unakuwa yule yule kadiri fahamu yako inavyoweza kurudi nyuma na kusema "lile nililifanya mimi". Na hapo pana jambo nililolisoma nikacheka peke yangu jikoni: anasema neno lenyewe analolitumia kwa mtu wa namna hiyo ni neno la mahakamani, la kujulia nani atawajibishwa na nani atapewa haki yake. Yaani zaidi ya miaka 300 nyuma mzee huyu alishafika kwa wakili wangu na feni yake.

Hakufaidi kwa amani. Mwaka 1785 Mskoti mmoja, Thomas Reid, akamtilia mchanga kitumbua. Akaleta mfano wa mtoto aliyechapwa shuleni kwa kuiba matunda, akakua akawa ofisa kijana akateka bendera ya adui, akazeeka akawa jenerali. Ofisa anaikumbuka ile bakora. Jenerali anaikumbuka bendera, bakora kaisahau kabisa. Kwa hesabu ya Locke, jenerali ndiye ofisa, ofisa ndiye mtoto, ila jenerali siye mtoto! Nami siku ile ya mjomba siikumbuki hata chembe, nimesimuliwa tu. Sasa nimeapa juu ya kitu gani, Kijiti? Nimeapa juu ya maneno ya watu wengine.

Na labda ndivyo ilivyo. Mwaka juzi tulimpokea mzee wa ajali ya pikipiki, kadi imeandikwa Emanueli. Siku mbili tunamwita "Emanueli, Emanueli," mkewe naye anamwita hivyo hivyo, kimya. Siku ya tatu akaja dada yake kutoka Lushoto, kikongwe, kanga imelowa mvua. Akainama kitandani akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayemwita chakula kimeiva, "Kiondo." Jicho la kushoto likafunguka. Daktari atakwambia ulikuwa wakati wake wa kuzinduka, na huenda ni kweli. Mimi nilikuwa nimeshika dripu, nikaona.

Anayenipendeza kuliko wote ni William James, Mmarekani, kitabu chake cha saikolojia cha mwaka 1890, sura ya kumi. Anaandika kama mtu anayeongea barazani. Anasema mtu ana nafsi za kijamii nyingi kadiri ya watu wanaomtambua na wanaobeba picha yake akilini. Hasemi kwamba hizo ni barakoa zinazomficha mtu halisi. Hapo ndipo anapoachana na wale wa muhogo. Pia anasema "mimi" haiishii kwenye ngozi. Nguo zako zimo, watoto, wazee wako, nyumba, kazi ya mikono yako, hata akiba ya benki. Ndiyo maana ukipoteza mali unahisi kana kwamba wewe mwenyewe umepungua, si mfuko tu. Nilisoma hayo nikaielewa ile nyumba aliyoacha baba, ya hapa Ngamiani. Sisi ndugu wanne tukiigawa hatupati hata bati saba kila mmoja, lakini nisingekubali nisiwemo.

Sasa binti yako. Usimpe Locke, atakuchukia. Mpe Erik Erikson, kitabu chake cha mwaka 1968 kuhusu ujana na utambulisho. Nimekitia alama ya penseli pale penye maana. Huyu ndiye aliyelieneza lile neno la vijana kuyumba wasijue wao ni nani, na anasema si ugonjwa, ni njia panda ya umri huo, tena jamii zenye busara humpa kijana muda wa kungojea kabla ya kumbana achague. Alijua alichokisema. Alizaliwa Frankfurt mwaka 1902, baba mzazi hakumjua kamwe, akalelewa na daktari wa watoto aliyeitwa Homburger huku akiambiwa huyo ndiye baba yake. Kwenye sinagogi watoto walimcheka kwa nywele zake za rangi ya mahindi, shuleni wakamcheka kwa Uyahudi wake. Alipopata uraia wa Marekani, mwaka 1939, akajipa jina jipya, Erikson, mwana wa Erik. Mjomba wake alikuwa yeye mwenyewe! Na hili umsomee kwa sauti: baada ya sekondari alizurura Ulaya akichora picha, chuo kikuu hakuwahi kupata shahada, na baadaye akawa profesa Harvard.

Riwaya mbili nazo zimo. Ya Abdulrazak Gurnah ya mwaka 2001, ambamo Saleh Omar, muuza samani wa Zanzibar, anashuka Gatwick na pasipoti ya jina la mtu mwingine, tena mtu waliyekuwa na uadui, na kisanduku cha udi ambacho ofisa wa uhamiaji anakichukua. Halafu anatokea mtoto wa mwenye jina. Sikwambii zaidi. Ya pili ni Kichwamaji ya Kezilahabi, 1974. Hiyo ni yako, si ya binti. Wewe uko Ukerewe, kwao hasa, utasoma Kazimoto anavyorudi nyumbani na elimu yake ya chuo kikuu asijue aiweke wapi, huku ziwa lenyewe unalisikia dirishani. Lakini mwisho wake ni mbaya, anajiua. Usiiache mezani wiki hizi, iweke chini ya kanga zako. Na huyo mtoto, shoga yangu, mgongee mlango hata asipofungua. Akianza kuacha kula nipigie usiku wowote.

Utaniambia nimezunguka sana wakati methali ipo, mtu ni watu. Ipo. Ila watu hao hao ndio waliokaa barazani kunijadili mwaka mzima kama Zubeda ana haki kwa baba yake Mwanaidi.

Msalimie mwalimu mwenzako yule wa kucheka.

Wako,
Redio

Naongeza hapa nikiwa nimesimama kwenye dirisha la vifurushi, mzigo bado haujafungwa. Kijana kaniuliza jina la mpokeaji kama lilivyo kwenye kitambulisho. Kijiti, miaka 31 nakujua, nikasimama nimeachama mdomo. Foleni nyuma yangu imeanza kuguna. Nimeandika Asteria, ubini nimeukisia. Ukiwa unausoma mstari huu, basi wamekukubali.