Kwa batoto ya teyatre ya komini Kenya, Lubumbashi: musikatae roli ya kidogo

Batoto yangu, jambo yenu bote.

Balinipigia telefone kazi tatu mangaribi, banasema repetisyo ilivunjika, batu batatu balitoka juu moja alipewa roli ya zamu, mulinzi wa mulango, mwingine ya jirani, binti naye ya mama wa kuuza makala, na kila mutu alitaka kucheza patron, mukubwa wa kazi. Sikulala muzuri. Njo maana naandika wazi, bote musome, juu hii maneno haiko paka ya bale batatu.

Miye munanijua, nilicheza zamu. Miaka 20 na zaidi, zamu, jirani, shofa wa patron. Roli ya kwanza nilikuwa na sentensi moja: patron, kuko mutu pa mulango. Nililia, nikamwambia mama naacha. Kisha nikaenda kuangalia zamu wa kweli, muzee moja alikuwa analinda magazini pa Kamalondo, nikakaa naye masiku tatu. Kila gari ikipita anainuka nusu, mukono pa goti, anasikiliza, kama iko gari ya patron anasimama, kama haiko anarudi kukaa polepole sawa vile alitaka tu kunyoosha mugongo. Ile kuinuka nusu njo nikaipeleka pa sene. Nilikuwa sisemi kitu, batu banacheka, kisha patron akiingia miye naruka, na salle yote inanyamaza, banamuogopa kweli. Ukubwa wake ulikuwa mu magoti yangu.

Nyiye munapendaka filme ya Marekani, basi muangalie John Cazale. Alizaliwa 1935, alikufa 1978 na kansere ya mapafu, miaka 42 tu. Mbele ya kujulikana alikuwa anatembeza barua mu kampuni ya mafuta kule New York, na mule njo alijuana na Al Pacino, naye kijana wa kutumwa barua sawa yeye. Filme kubwa alicheza tano, zote tano zikaingia mu mashindano ya Oscar ya filme bora, tatu zikashinda, lakini yeye mwenyewe habakumutaja hata mara moja. Ya mwisho alicheza akiwa mugonjwa sana, ikabidi bapige sene zake mbele, na alikufa filme haiyatoka.

Mutafute The Godfather ya 1972, filme ya famiya moja ya bandi, pale banapiga baba masasi pa fasi ya kuuza matunda. Marlon Brando, njo anacheza baba, anaanguka na macho ya bote inaenda kwake. Sasa murudishe nyuma, muangalie mutoto wake Fredo, njo John huyo. Anatoa bunduki, inamuponyoka mu mikono, kisha anakaa pembeni ya balabala karibu na baba, analia sawa mutoto mudogo. Ni sekunde kidogo, lakini hapo njo unaelewa juu ya nini mukubwa huyu hatapewa kuongoza famiya, mudogo wake njo atabeba yote. Hakuna mutu alisema ile. Ilisemwa na vidole vyake.

Na hapa kwetu Lubumbashi, kundi ya Mufwankolo ilikuwa inatengeneza teyatre mu Swahili yetu bila kuandika tekste. Banachagua jambo, banagawanya roli, kisha kila mutu anatafuta maneno yake mu repetisyo. Kwa hiyo ule anasema alipewa maneno mbili, nani alimupimia? Mu namna yetu ya kucheza, roli inabaki ndogo kama mwenyewe hakuileteaka kitu.

Wewe unaongoza kundi, sikiliza pia. Kuko mukubwa moja wa zamani alikuwa anapatia bale ba mbele anvelopu, siye bengine tunarudi na miguu mpaka Katuba usiku, na ile iliharibu kundi kupita kelele yote ya roli. Makuta ikiwa kidogo, igawanye mbele ya bote. Na jina ya zamu iandikwe pa afishi.

Siku ya posho saa nane nakuja pale munafanyiaka repetisyo. Bale batatu barudi, hakuna mutu atabauliza kitu. Binti wa makala apite kwanza asubui pa soko, akae na bamama banauzaka makala, aangalie vile banapangusaka mikono mbele ya kukamata makuta. Njo kitu cha kwanza nitamuomba anionyeshe.

Baba yenu, zamu wa zamani