Bonde la Msimbazi lichorwe kwenye ramani moja

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nizungumzie michoro ya mipango miji inayoishia mpakani mwa halmashauri, huku maji yakiendelea na safari.

Sheria ya Mipango Miji Na. 8 ya mwaka 2007 imeifanya kila halmashauri ya jiji, manispaa na mji kuwa mamlaka ya upangaji katika eneo lake. Kwa viwanja na vibali vya ujenzi, sawa. Lakini Mto Msimbazi unaanzia vilima vya Kisarawe, mkoani Pwani, unapita Ilala, unapokea maji ya Ubungo na ya Mto Ng'ombe wa Kinondoni, yote yanakutana Jangwani, bondeni katikati ya Dar es Salaam, kabla ya kuingia baharini. Tangu Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam ya zamani ivunjwe mwaka 2021 na Ilala kupandishwa hadhi kuwa jiji, hakuna tena baraza la madiwani lenye wajumbe wa manispaa zote. Hata lingekuwepo, Kisarawe isingekuwamo.

Tupige hesabu. Mvua ya milimita 60 kwa saa kwenye hekta moja ni mita za ujazo 600. Penye majani na udongo wazi, hutiririka takribani asilimia 30, yaani mita 180. Pakishajaa mabati na zege, asilimia 90: mita 540. Halmashauri ya upande yanakotoka maji ikisakafia mtaro kwa zege, maji hukimbia karibu mara mbili ya yalivyokwenda kwenye udongo na nyasi. Mtaa wake unakauka upesi, na haki yake. Ila maji yaliyokuwa yakifika Jangwani kwa zamu sasa yanafika kwa mkupuo.

Pabaya zaidi ni kwenye maungio. Kalavati, yaani bomba la kupitisha maji chini ya barabara, la kipenyo cha sentimita 90 likipokelewa ng'ambo ya mpaka na la sentimita 60, kwa mteremko uleule, uwezo unashuka hadi theluthi moja hivi. Kila mhandisi yuko sahihi ndani ya karatasi yake! Vimo vya mitaro navyo hutofautiana pale mpimaji mmoja anapoanzia alama ya kitaifa ya vimo, mwingine anajiwekea ya kwake kwenye msingi wa jengo. Mtaro unaoshuka mita 1 kwa kila mita 500, kosa la sentimita 30 linafuta mteremko wa mita 150. Hapo maji yanatuama, mchanga unatua, na lawama zinamwendea mwenye kutupa taka.

Bonde zima litangazwe eneo moja la upangaji. Kazi ya kwanza isiwe semina, iwe kupima upya vimo vya mitaro na makalavati kwa alama moja. Ramani zikatwe kwa kufuata vijito, si kata, na kila mchoro uingie mita 500 ndani ya jirani. TARURA na TANROADS, wakala wa barabara, wawepo mezani, maana makalavati ya barabarani ni yao. Mita 60 za hifadhi kutoka ukingo wa mto, zilizowekwa na Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, zichorwe kwa mstari mmoja kutoka juu hadi baharini.

Mchoro wowote unaoongeza mapaa na sakafu upelekwe kwanza kwa halmashauri ya upande yanakoelekea maji, ipewe siku 30 kutoa maoni. Na gharama ya kuzoa mchanga Jangwani isigawanywe sawa kwa sawa. Kila halmashauri ilipe kwa hekta zake zilizoezekwa na kusakafiwa, na hekta hizo zihesabiwe upya kila bajeti.

Mdau wa mipango miji,
Dar es Salaam