X ya kijani ukutani kwa Mama

Kwako somo yangu,

Salamu zako zimefika, na picha ya ukuta wa Mama, wenye X waliyochora watu wa barabara, nimeiona. Poleni sana. Hata hivyo shukuruni X yenyewe ni ya kijani. Ingekuwa nyekundu, sasa hivi tungekuwa tunatafuta lori la kuhamishia vyombo.

Nyekundu maana yake umevamia hifadhi ya barabara, yaani ukanda uliotengwa kando yake: bomoa mwenyewe, hulipwi kitu. Kijani maana yake barabara ndiyo iliyokufuata. Hapa Tanzania hifadhi ya barabara kuu ilikuwa mita 22.5 kila upande kutoka katikati, Sheria ya Barabara ya 2007 ikaisogeza hadi mita 30. Aliyekuwa amejenga kihalali ndani ya hizo 7.5 za nyongeza ana haki ya fidia. Nyumba ya Mama ni ya miaka ya tisini, kabla ya sheria hiyo, kwa hiyo tafuteni ushahidi wake mapema: risiti za kodi ya jengo, bili kuukuu za umeme, hata picha ya harusi iliyopigwa barazani.

Ubaya wa X ya kijani ni kwamba haina tarehe. Yetu ilichorwa, Baba akakatazwa kuongeza hata choo. Bati likatoboka, akiuliza anaambiwa avumilie, fidia iko njiani. Kwenda kukopa benki ndiyo usiseme. Nani atapokea dhamana yenye X?

Wathamini, wale wanaopima thamani ya mali, wakija, Mama awepo, na wewe uwepo. Kwetu alikuja kijana mmoja, shati limenyooka kwa pasi, akahesabu migomba ya mbele akaacha minazi ya nyuma ya choo. Baba akasaini, maana aliona haya kumbishia mgeni. Ombeni nakala ya fomu papo hapo. Chini ya thamani ya nyumba na mazao tazameni posho: ya usumbufu, ya usafiri, na ya makazi, ambayo ni kodi ya pango ya miezi 36. Kiwanja kisichokaliwa hakipewi hiyo ya makazi, lakini Mama analala humo kila siku. Kwenye jedwali letu la fidia mstari huo ulikuwa na kistari kitupu.

Kaburi la Babu lisichanganywe na mambo ya nyumba. Makaburi yana sheria yake ya 1969, na gharama za kufukua, kuzika upya na ibada zinalipwa.

Halafu hesabuni miezi. Kwa sheria ya uthamini ya 2016, Mthamini Mkuu wa Serikali akishaidhinisha jedwali, malipo yakipita miezi sita yanadaiwa na riba. Ikifika miaka miwili hawajalipa, tathmini hiyo imekufa, waje wathamini upya kwa bei ya siku hiyo. Unasema kaka anaogopa tukidai riba tutaonekana wakorofi. Mwache aogope. Mwenye duka la vifaa hatamuuzia Mama saruji kwa bei ya mwaka walipokuja kupima.

Mwisho wa mwezi nitakuja, tumsindikize Mama kwa mtendaji. Fomu zikitangulia kabla yangu, zifungie kabatini, kaka asizishike. Yule husaini haraka kuliko anavyosoma.

Msalimie Mama na watoto.

Wako,
Somo