Wanataka Nishike Saa

Mpendwa Kadzo,

Salamu nyingi. Sisi huku wazima. Mama bado anakohoa lakini kugomba hajaacha. Najua nimekaa kimya tangu Pasaka. Usininunie, soma kwanza.

Meneja ameniita ofisini. Wanataka nitoke kwenye cherehani, nisimame nyuma ya wenzangu na saa, nipime kola moja inashonwa kwa sekunde ngapi. Kutokana na hapo ndipo watakapopanga tageti. Mshahara utapanda. Mama Kevo kasikia, na salamu zangu haitikii tena.

Basi nikazitoa zile noti zako za chuo, nikamsoma huyo Taylor wako, Mmarekani wa kupima kazi kwa saa, mpaka usiku. Kadzo, yule kibarua wa kiwanda cha chuma cha Bethlehem Steel hanitoki kichwani! Mwaka 1899, mtu anabeba vipande vya chuma ghafi, kila kimoja kilo arobaini na ushei. Kutoka tani 12 na nusu kwa siku, Taylor anasema alimfikisha 47. Malipo? Kutoka dola 1.15 hadi 1.85. Kazi karibu mara nne, pesa hata mara mbili haikufika. Na kitabuni, 1911, akamwita Schmidt, kumbe ni Henry Noll. Hata jina lake hakuachiwa.

Lakini kuna jambo: Noll alikuwa akiambiwa beba, kisha akiambiwa keti upumzike. Tena Taylor alisema mtu akizalisha zaidi, malipo ya kipande yasikatwe. Hapa kwetu wamechukua saa, hayo mengine wakayaacha hukohuko Marekani. Tukifikisha tageti Ijumaa, Jumatatu imepandishwa. Ndiyo maana Mama Kevo, anayeshona haraka kuliko sote, akimwona mtu wa saa huanza kuchomoa uzi usio na tatizo na kupanga bando upya. Taylor angemwita mvivu. Mimi naona ana akili kuliko meneja. Sasa nitamsimamia vipi, na hila hizo alinifundisha yeye?

Mafundi wa kusubu chuma wa kiwanda cha silaha cha Watertown huko Marekani waligoma 1911 kwa sababu ya kupimwa kwa saa hivihivi, hata Bunge lao baadaye likaikataza saa hiyo katika viwanda vya jeshi. Hapa Athi River nani agome, na getini kila asubuhi kuna foleni ya wanaotafuta kazi? Halafu karo ya Juma nayo... ah, unajua.

Wewe uliyesomea haya, niambie. Mpimaji anaweza kuingiza dakika za kupumzika kwenye hesabu, au watazifuta juu kwa juu? Naweza kudai waandike kwamba tageti haitapandishwa? Nikikataa, wataniachia cherehani yangu kweli? Wewe ungekubali? Na Zuhura kashajifungua, au bado mnangoja?

Jibu wanalitaka Jumatatu. Nipigie kabla, jioni baada ya saa moja; mchana simu zinabaki kwa askari wa getini.

Wako,
Mwaka